Aliyeinuka Katikati ya Wimbo

Zuleikha wa Tanga hajui kuimba, na hata yeye halikatai hilo. Lakini kwenye harusi yenye taarabu, yeye ndiye wa kwanza kuinuka kwenda kumtuza mwimbaji. Tabia hiyo alikuja nayo Doha mwaka 2006, pamoja na sauti inayosikika mpaka kwa jirani.

Alianza kazi za ndani Umm Salal, kisha akahamia Al Thumama kwa madam Emily, mwalimu Mwingereza, ambako mimi nilikuwa dereva. Huko alimkuta Mzee Leonard, baba yake Emily, mtu mpole mwenye nywele ndefu nyeupe, na kinanda chake kilichofunikwa shuka. Zuleikha alikifuta vumbi kila siku bila kukisikia hata mara moja, na jambo hilo lilimkera kweli.

"Baba, hiki ni kinanda au kabati?" alimuuliza siku moja akipiga pasi.

Mzee alicheka, na pasi ikienda na kurudi, akamsimulia. Mwaka 1967, yeye na wenzake wa kiwanda cha soksi, katika mji mdogo wa Uingereza, waliunda bendi ya roki iliyoitwa Quince Parade. Walivaa mashati ya maua, wakapiga muziki wa ndotondoto uliopendwa na vijana wa wakati ule, gitaa likirekodiwa na kuchezeshwa kinyumenyume. Santuri yao moja haikununuliwa ila na mama zao. Kisha wakatunga wimbo mrefu, wakaupeleka ukumbini. Haukufika mbali, watu wakaanza kuinuka, safu baada ya safu, wakatoka. Mpiga gitaa akafunga gitaa lake na bendi ikafa palepale. Wimbo ule haukuwahi kumalizwa mbele ya mtu.

Zuleikha alilia mpaka akaliunguza shati langu la kazi. Sijamsamehe hadi leo.

Mwaka 2013 mkataba wa Emily ukaisha. Walikuwa wanarudi kwao, na kinanda kilishapata mnunuzi. Zuleikha akamng'ang'ania mzee atupigie wimbo ule humo nyumbani, wote, mpaka mwisho. Mzee akakataa, akakataa tena. Halafu Ijumaa moja, baada ya chakula cha mchana, akaliondoa shuka mwenyewe.

Tuliketi sebuleni, Emily, Zuleikha na mimi. Sitadanganya, muziki ule ulikuwa mgeni masikioni mwangu. Ulipanda, ukazunguka, ukapotea njia, ukarudi, nami nikawa nabana kicheko. Wimbo ulipofika katikati, Zuleikha akainuka.

Mzee akamwona. Uso ukamshuka.

"Zuleikha, kaa chini! Tafadhali!" Emily alisema, akikaribia kulia.

Wala hakusikia. Mabega yake yalikuwa yakicheza taratibu, naye hakwenda mlangoni, alisogea mbele na noti ya riyali mkononi. Akaizungusha juu ya kichwa cha mzee, akaitia katika mfuko wa shati lake. Kinanda kikanyamaza.

"Kaka Amiri, mwambie," alinigeukia, maana Kiingereza chote kilikuwa kimemkimbia. "Mwambie kwetu anayeinuka ndiye aliyeguswa. Mbona unaacha, Baba? Yalla, malizia!"

Nikatafsiri. Mzee akaigusa ile noti mfukoni, akalia mbele yetu bila kujificha. Nilimpenda sana saa ile. Akairudisha mikono yake kwenye kinanda, akapiga mpaka mwisho, na mwisho wenyewe ulikuwa mtamu kuliko vyote vilivyoutangulia.

Tukadhani khalas, yamekwisha. Kumbe anauanza upya! Ulipofika palepale katikati, akageuka kututazama, akisubiri.

"Kaka, nipe riyali, mie sina tena," Zuleikha alininong'oneza.

Nilipapasa mfukoni nikaipata. Sikumpa. Niliinuka mwenyewe.