Niliyakata Machozi ya Mama Mdogo

Jamani, nimekosa. Na nilikosa nikiwa na akili zangu timamu, sikutumwa na mtu.

Mimi ni kijana wa Nyasho, hapa Musoma, narekodi harusi. Ila nilikuwa na ndoto ya filamu yangu, fupi, isiyo na maneno, ya kumtia mtu hofu kwa picha na sauti tu. Nikaenda Nyegina kwa mama mdogo aliyenilea. Mumewe alipotelea ziwani akivua, mwili haujaonekana, na yeye amekataa matanga. Kila wiki analifua shati la mumewe na kulianika, ili akirudi alikute safi.

"Mama, nakurekodi tuwe na kumbukumbu," nilimwambia. Mwongo mkubwa mimi!

Akaniachia kila kitu. Nilimrekodi akipasua sangara, mikono imejaa damu. Siku nyingine nikamrekodi akifua shati. Katikati ya kufua alilia, nami nikaendelea kurekodi.

Wakati wa kuhariri nikaona yale machozi yanapoza hofu. Nikayakata! Samaki naye nikamtoa, nikabakiza mikono na damu, halafu beseni, shati, na ziwa limetulia. Loo, ilitisha! Nikajisifu.

Jumapili mchana niliionyesha kwenye kibanda umiza, banda la mtaani la kuangalia video. Mtu mmoja anayemfahamu mama mdogo akauliza kwa sauti, "Kwa hiyo ni yeye alimuua mumewe?"

Nilitakiwa kusema hapana. Nikacheka tu, nikijua hofu imewaingia.

Filamu ikasambaa kwenye simu. Nyegina hawakununua tena samaki wake. Ndugu wa mume wakamfukuza nyumbani, shati likiwa bado kwenye kamba.

Nikawapelekea kile kipande cha machozi. Wakakitazama, wakanirudishia simu. "Hata haya umeyapanga," walisema.

Sasa mama mdogo anaishi kwa kaka yake Butiama, mbali na ziwa. Nilimfuata kumwomba radhi, nimebeba lile shati. Hakunitukana. Afadhali angenitukana!

"Nilikuwaga nakuamini kuliko wote," alisema. "Nililia mbele yako, mwanangu. Machozi yangu uliyapeleka wapi?"

Shati hakulipokea. Ninalo mimi hapa, nalifua kila wiki.

Wenzangu mnaoshika kamera, mtu akiwafungulia mlango wake, msimuuze kwa makofi. Mimi nilimuuza mama yangu.