Sarafu Moja Pungufu

Miaka ya vita vya shifta nilikaa peke yangu Garissa, katika chumba kilichokuwa nyuma ya duka la vitambaa nililokuwa nikilitunza. Mwenye duka alikuwa ameondoka. Mke wangu alikuwa kwa wazazi wake Takaba, na njia ya huko ilikuwa imefungwa. Jua likizama hakuna aliyeruhusiwa kutoka nje.

Sikuwahi kukaa darasani. Hesabu nilijifunza mwenyewe, kwa kitabu kilichokuwa kimechanika kurasa za majibu, nikazoea kuhakiki kila jibu kwa kulirudisha kwenye swali.

Ndugu yangu mdogo alikuwa Bura, na sisi wawili tulikuwa na mchezo. Mmoja humtumia mwenzake swali la sarafu kwa mdomo wa dereva wa lori. Mwenzake hurudisha jibu, na pamoja nalo swali lake. Sharti lilikuwa moja: hakuna swali jipya kabla ya jibu. Salamu dereva yeyote aweza kuitunga, akakuambia nduguyo hajambo ili usilie mbele yake. Jibu la hesabu hawezi kulitunga. Likija sahihi, nilijua yu hai na akili yake imetulia.

Malori yakapungua. Swali moja likaletwa na eddo wetu, dada yake baba, aliyekuwa akiuza samli na aliyekuwa amepata nafasi juu ya magunia, kwenye lori lililosindikizwa na askari.

"Nduguyo anasema ana sarafu kumi na tisa," alisema, "za senti kumi na za thumuni. Jumla shilingi nne na senti arobaini. Thumuni ni ngapi? Na mimi sijui kwa nini hakuuliza habari za afya yako."

Nilifunga duka, nikapanga vifungo sakafuni, vyeusi kwa senti kumi, vyeupe kwa thumuni, yaani senti hamsini. Tuchukulie zote ni senti kumi: hiyo ni shilingi moja na senti tisini. Zinabaki shilingi mbili na nusu. Kila sarafu ya senti kumi ukiiondoa na kuweka thumuni, jumla inapanda senti arobaini. Gawa senti mia mbili na hamsini kwa arobaini. Zinatoka sita, na senti kumi zinabaki.

Nilirudia. Zilibaki.

Ndugu yangu hakuwahi kukosea. Niliwaza kwamba anaumwa, au kwamba amepigwa kichwani. Niliwaza pia kujibu kwamba swali halina jibu, lakini kama kosa lilikuwa langu, basi ningekuwa nimeukata uzi kwa mkono wangu mwenyewe. Sikutuma kitu. Malori machache yaliyokwenda Bura yalikwenda bila neno langu, na kwa sharti letu naye akanyamaza. Jioni nilivipanga vifungo, nikavivuruga, nikavipanga tena. Saa hizo za kufungiwa ndani sikuwa na mtu mwingine wa kuzungumza naye.

Asubuhi moja askari walikuja mtaani kuandika mifugo. Eddo, aliyekuwa akikaa mtaa huo huo, alisimama mbele ya mbuzi wake.

"Wangapi, mama?"

"Sita."

Askari akacheka. "Mama, mimi naona saba!"

"Basi hesabu wewe. Likiwapata jicho, utanilipa."

Nilikuwa nimewajua watu wangu tangu kuzaliwa. Hakuna mfugaji anayetaja idadi kamili ya mifugo yake mbele ya watu. Hupunguza mmoja ili husuda isimpate. Nilijua hilo, na sikulifikiria. Askari walipopita nilimwendea.

"Eddo, zile sarafu za ndugu yangu. Alisema kumi na tisa?"

"Alisema ishirini. Nilikuja na lori lililojaa watu, nikirudia maneno yake njia nzima nisiyasahau. Mali ya mtoto wetu niitangaze yote?"

"Na zile shilingi nne na senti arobaini? Mbona hukuzipunguza?"

"Hiyo ni bei," alisema, akishangaa ujinga wangu. "Bei jicho huifanya nini?"

Ishirini. Zote zikiwa senti kumi, shilingi mbili. Zinabaki mbili na senti arobaini. Gawa kwa arobaini: sita, na hakuna kinachobaki. Thumuni sita, na kumi na nne za senti kumi. Nilimpa jibu dereva mmoja wa Kitui, pamoja na swali langu, nikamkaririsha mara tatu.

Nilingoja sana. Mvua zilikuja zikapita kabla yule dereva hajasimama tena mlangoni.

"Mzee, ndugu yako ana maneno! Anasema, 'Sahihi, lakini hata ngamia kiwete angefika mapema.' La swali lako, jibu ni tisa. Na sasa yeye ana sarafu kumi na tatu, thumuni na shilingi, jumla shilingi tisa."

Tisa lilikuwa sahihi. Nilimpa chai, akaondoka. Swali jipya lilikuwa jepesi. Ningeweza kulimaliza nikiwa nimesimama. Niliketi sakafuni nikavitoa vifungo, nikaanza kuvipanga kimoja kimoja, taratibu, kwa sababu lori la Bura lilikuwa haliji karibuni.