Tonge la Upande wa Pili

Mpaka mwaka huu, kila nilipokula nilibakiza tonge moja la ugali ukingoni mwa sahani. Fundi mwenzangu, mama mmoja tunayeshona naye kwenye kibaraza kimoja pale Kashaulili, Mpanda, aliwahi kuniuliza kama ni mambo ya dini. Nikamwambia ndiyo, ili aninyamazie. Ningeanzia wapi kumweleza kwamba ni falsafa, na kwamba waliopata kuifuata duniani ni watu wawili tu, mimi na kaka yangu?

Ilianzia Mishamo, kwenye makazi ya wakimbizi wa Burundi, tukiwa watoto, na ilianza kwa uongo. Mbuzi waliingia kwenye maharage ya mama wakafyeka mistari mitatu mizima. Mimi niliapa kwamba nilifunga kamba. Kaka naye akaapa kwamba aliikagua.

"Nyie watoto, kwa hiyo kamba imefunguka yenyewe?" mama akauliza, fimbo mkononi.

Kaka hakupepesa macho. "Mama, kuna dunia nyingine kama hii, na huko nako tupo. Wale wa huko ndio hawakufunga. Sababu imebaki kwao, hasara imedondokea kwetu."

Mama alicheka mpaka akakaa chini. Tukapona.

Tangu hapo tukaishika habari ile kwa bidii ambayo hatukuwa nayo shuleni. Tukaiita Upande wa Pili. Tulifundishana kwamba dunia ni nyingi, zimelala sambamba kama matuta ya muhogo, na kwamba jambo linaweza kupandwa tuta hili likaota tuta lile. Ndiyo maana chungu hupasuka bila kuguswa na mtu. Na kwa kuwa kuna mwenzako huko anayeumia kwa ujinga wako, unambakizia tonge.

Kanuni moja niliitunga mimi. Njia mbili zikifunguka, anayesema kwanza anachukua anayoitaka, na wa pili lazima ashike ile nyingine, la sivyo njia iliyoachwa itakufa na dunia yake yote. Niliitunga kwa uvivu tu. Nilitaka nibaki kivulini nikichambua maharage, yeye aende kuchota maji. Na alikwenda. Kila mara alikwenda, maskini, akinung'unika na ndoo yake.

Tulipokuwa watu wazima, mama tumeshamzika pale pale Mishamo, ikaja siku ya kuulizwa: kuomba uraia au kurudi Burundi. Burundi yenyewe tuliijua kwa masimulizi ya mama. Tukapanga foleni, mimi mbele, kaka nyuma yangu. Hatukuwa tumeliongelea. Kwetu jambo likiwa zito watu wanaongea habari za mvua. Nilipofika mezani nikasema, "Nabaki." Nyuma yangu nikasikia, "Mimi narudi." Niligeuka nikamkuta anatabasamu.

Tabasamu lile limenitesa miaka. Nilijua maana yake, au nilidhani najua: nimesema kwanza, naye ameshika ndoo. Alipoondoka nikahamia mjini Mpanda, nikapanga chumba, nikanunua cherehani. Sikuolewa, na mtoto sina. Nikiwa napiga pindo la sketi za shule nilikuwa nafikiria ningempisha kwenye foleni ingekuwaje, na nilikuwa na uhakika kwamba kwenye tuta fulani nilimpisha, nikavunja kanuni yangu nikamfuata, na huko tunakula sahani moja.

Sikukuu tulipigiana simu. Tuliulizana afya, mavuno, watoto wake, basi. Lile swali sikuligusa, kwa kuogopa aseme ndiyo. Mwaka huu, Jumapili moja mchana baada ya ibada, likanitoka.

"Musaza wanje, kaka yangu, hivi ulirudi kwa sababu mimi nilisema kwanza?"

"Ulisema kwanza nini?"

Nikamweleza yote: mbuzi, matuta, tonge, kanuni. Akacheka kwa upole.

"Mushiki wanje, dada yangu, mbuzi nawakumbuka. Hayo mengine sikumbuki hata kidogo. Mimi niliamua mapema sana. Baiskeli nilikuwa nimeshampa jirani. Ungesema lolote ningeondoka tu. Wewe hukuhusika kabisa, usijitese."

Baiskeli. Nilimuuliza iko wapi, wiki nzima kabla ya ile foleni, akaniambia ipo kwa fundi. Nami, mjuzi mkubwa wa sababu na matokeo, nikaamini.

Aliniambia ili anitue mzigo, najua. Nikamshukuru, nikamsalimia wifi, nikakata simu. Nilitegemea nitapumua. Badala yake nililia, tena kwa hasira, mpaka jirani akagonga kuuliza nimefiwa na nani. Miaka yote hiyo nilikuwa na kosa langu, na kosa lile ndilo lililokuwa linatuunganisha: mimi sababu, yeye matokeo, hata tukiwa nchi mbili. Kumbe aliondoka zake tu, kama mtu yeyote anavyoondoka. Na lile tonge, miaka yote, nilikuwa nambakizia mtu ambaye hakumbuki kama lipo.

Jioni ile nilipika ugali wa mtu mmoja, na kwa mara ya kwanza nikaula wote.