Kidevu cha Chiriku

Fundi makochi yule walimwita Radi, na jina hilo hakulipata kwa kuvalisha viti vitambaa. Ujanani alipiga dramu kwenye bendi ya roki, na alipiga hasa. Siku moja alilichapa toazi, mlio ukatoka ukumbini, ukaruka paa, na kuna mtaa mpaka leo haujapata usingizi. Anayebisha akawaulize wenyewe, macho yao mekundu.

Bendi ilivunjika, vijana wakaota mvi. Kisha wakaungana tena kwa onyesho moja, watu wa filamu wakaja na kamera zao, wakalinasa lote. Sasa filamu ilikuwa tayari, ingeonyeshwa Jumamosi alasiri, na Radi wiki nzima hakukalika wala hakusimamika.

"Baba, umekalia siafu?" mkewe alimuuliza mezani, maana vijiko vilikuwa vinarukaruka.

"Nimetulia."

"Umetulia na chai imemwagika yote."

Kilichomwasha ni kidevu. Bendi yao haikumaliza wimbo kwa kuhesabu wala kukonyezana. Mwimbaji wao, Chiriku, aliyemwoa dada yake Radi, alikuwa akiinua kidevu na wimbo unaendelea. Akikishusha, Radi anatia pigo la mwisho, na wote kimya kama maji ya mtungini. Toka kwenye kiti chake cha dramu Radi hakuona kingine: migongo, visogo, na ncha ya kidevu ikichungulia pembeni. Muziki wake wote aliupigia nyuma ya visogo vya watu.

Basi kwenye onyesho lile, wimbo wa mwisho, kidevu kikapanda kikagoma kushuka. Kikakaa juu kama cha mbuzi anayenusa mvua. Radi akapiga, akapiga. Mpiga besi akaanza kumkata jicho. Mpiga gitaa akamaliza maarifa yake yote, akaanza kuazima ya wenzake. Jasho likamjaa Radi viatuni hata samaki wangefugika. Mwisho kijiti kikamponyoka, kikabingirika mpaka mbele ya jukwaa, na wimbo ukafa kama taa ya umeme uliokatika. Watu wakacheka.

"Umenivua nguo mbele ya watu," alimwambia Chiriku nyuma ya jukwaa.

"Mikono yako imezeeka, shemeji, halafu unasingizia kidevu changu?"

Tangu siku hiyo hawakusemeshana. Bendi ilikuwa imealikwa mji mwingine, wenzake wakingoja neno lake, na neno lake lilikuwa moja: "Nitaitazama filamu kwanza. Nikionekana kituko, dramu nauza, na shemeji simjui."

Kazini mambo yakaenda mrama. Alipigilia misumari kwa mapigo ya wimbo ule ule, mkono unakwenda, akili haipo, mpaka kochi la mama mmoja akalivalisha kitambaa ndani nje.

"Fundi, maua yangu yako wapi?"

"Yako ndani, mama. Yamepumzika."

"Basi nami pesa zangu zitapumzika."

Jumamosi alifika kwenye jumba la sinema kabla ya mfagiaji. Alikaa kulia, akahamia kushoto, akaenda nyuma, mkewe akimfuata na mkoba kama mtu anayechunga kuku. Chiriku na mkewe walikaa safu ya mbele kabisa. Kwa hiyo hata pale Radi alitazama kisogo.

Taa zikazimwa. Nyimbo zikapita, Radi akizipiga zote kwenye mgongo wa kiti cha mbele, mwenye kiti akivumilia kwa adabu. Ukafika ule wa mwisho. Radi akashika goti la mkewe.

Lakini kamera ilikuwa imesimama mbele, mahali ambapo yeye hakuwahi kusimama. Ikamleta Chiriku uso mzima, mpana kama ukuta. Hakuwa anaimba tena. Macho ameyafumba, machozi yanamshuka mpaka kwenye kidevu kile kilichogoma, na anatabasamu kama mtoto aliyeitwa atoke majini naye anajifanya hasikii. Nyuma yake, kwa mbali, Radi mwenyewe ulimi nje, anapiga.

Kijiti kikaponyoka. Ukumbi ukacheka. Radi hakuwasikia, alikuwa tayari anaruka magoti ya watu kwenda mbele.

"Sogeeni," alisema.

"Kaka, hapa tumejaa," dada yake alinong'ona.

"Sogeeni hivyo hivyo."

Akajibana katikati yao. Mguu wake ulikuwa bado unagonga sakafu.

"Kwa nini hukukishusha?"

Chiriku hakugeuka. "Ningekishusha mngekwenda nyumbani."

"Si ungesema."

"Maneno kama hayo anayasema nani, shemeji? Na siku ile wewe ulinijia umekunja ngumi."

Radi akafikiri. "Mikono yangu haijazeeka."

"Imezeeka kidogo."

"Kidogo," Radi akakubali. "Huko tulikoitwa, ukikisahau tena huko juu, nakurushia toazi."

"Rusha," alisema Chiriku, "mradi uje."

Dada akawafinya wote wawili mapajani, maana watu wa nyuma walikwisha kuanza kunung'unika.