Viti Ishirini na Vitatu

Karatasi niliyopewa na kampuni ya kutembeza watalii siku ya kwanza ya kazi ilikuwa na kurasa nne, na uongo wa kwanza ulikuwa kwenye mstari wa pili. "Wahainani," iliandikwa, "ni watu waliozaliwa na kipaji cha kupika na kuhudumia." Niliikariri. Kwa miaka miwili, kila Jumamosi asubuhi, nilisimama kwenye pembe ya Mtaa wa Seah nikiwa na kofia ya njano ya kampuni, nikawatamkia wageni uongo ule huku natabasamu. Mimi, Pang Wei Siang, Mhainani mtoto wa Mhainani, mwenye shahada ya historia iliyotundikwa sebuleni kwa mama yangu.

Hakuna mtoto anayezaliwa na kipaji cha kubeba trei. Babu zetu walitoka kisiwa cha Hainani, Uchina, wakafika Singapuri wakiwa wa mwisho. Wachina waliowatangulia walikwisha kushika maduka, maghala, useremala na gati. Kilichobaki kilikuwa majiko ya Waingereza, basi wakaingia majikoni. Wakajifunza kuoka mkate ambao hawakuwahi kuuonja kwao na kukaanga nyama kwa namna ya watu waliowaona juzi. Mwanamume wa miaka hamsini aliitwa boi na kitoto cha miaka sita, na akaitikia. Karatasi ya kampuni iliita jambo hilo "uaminifu".

Haya yote niliyajua chuoni na bado nilitabasamu. Aliyenitia aibu ni mwanamke aliyesoma madarasa manne tu, Bibi Woon Moey Lan, mtunzaji wa jumba la chama cha watu wa kijiji chetu cha asili. Matembezi yetu yaliishia kwake. Tulipanda ngazi za mbao hadi ghorofa ya pili, wageni wakaketi, naye akawalisha wali wa kuku.

Alikuwa na miaka sabini na minane, mfupi, mikono ya blauzi imekunjwa hadi viwikoni. Kuku alimkata kwa panga zito kana kwamba kuku huyo alimtukana. Hakuwahi kuniita kwa jina langu.

"Kofia," aliniambia siku ya kwanza, "leo umewadanganya nini?"

"Bibi, mimi nasema yaliyoandikwa."

"Hata kanda mbovu husema yaliyorekodiwa. Keti ule."

Nikachukua vijiti. Akaninyang'anya, akanipiga navyo kwenye vidole.

"Umemwita nani?"

Kwetu mtoto hagusi chakula kabla ya kuwaita wakubwa wote waliopo mezani, mmoja mmoja: babu njoo ule, bibi njoo ule, baba, mama. Nilidhani amenikumbusha adabu, nikasema, "Bibi, njoo ule." Akatikisa kichwa, akanionyesha ukutani. Palikuwa na ubao mrefu mweusi, mrefu kuliko watu wawili waliolala, wenye majina ishirini na matatu yaliyochongwa na kupakwa rangi ya dhahabu.

"Na hao?" akasema.

Jumba lile lilikuwa bweni zamani. Baba yake Moey, mpishi, alikufa kwa kifua kikuu kabla binti hajasimama dede, na mama akapewa kazi ya kuwapikia wanaume wa bweni, wapishi na wahudumu wa kijiji kimoja waliokuwa wakijigawia vitanda kwa zamu. Walikuwa ishirini na watatu. Wengine waliacha wake ng'ambo ya bahari na hawakuwaona tena. Wengi hawakuoa kabisa. Mchana wa mapumziko, mara moja kwa wiki, walirudi pale, wakavua makoti yao meupe ya kazi, wakaketi kwenye meza moja ndefu.

Na mtoto pale mezani alikuwa mmoja tu.

"Watoto wa jirani waliita watu wanne wakala," aliniambia. "Mimi niliita ishirini na watatu. Wali wa moto nimeuonja nilipoolewa."

Hakujua kusoma wakati ule, hivyo aliwakariri kwa viti. Alianza na aliyekaa karibu na mlango, Babu Supu, akazunguka meza: Babu Viazi, Babu Miwani, Babu wa Meli, hadi akaurudia mlango kwa upande wa pili. Akikatizwa katikati, alipotea, na dawa ilikuwa moja tu, kurudi mlangoni na kuanza upya. Babu Viazi alilijua hilo. Mtoto akifika kiti cha kumi na tano, mzee alikohoa kwa makusudi, bweni zima likaangua kicheko, na Moey akarudi mlangoni huku machozi yanamtoka kwa njaa.

Alipokuwa na miaka saba alikasirika. Akaona wa kumruka ni Babu Kigugumizi, kwa kuwa ndiye asiyeweza kulalamika haraka. Akamruka, akaanza kula. Hakuna aliyesema kitu. Babu Kigugumizi akaweka vijiti chini polepole, akavaa koti lake jeupe, akaenda Tanglin kupika chakula cha jioni cha mabwana zake bila kutia kitu tumboni.

"Mama alinipiga," alisema Bibi Moey, "lakini si kipigo ninachokikumbuka. Kule Tanglin alikuwa boi. Mitaani alikuwa Mchina fulani. Babu alikuwa hapa tu, kwenye kiti kile, mara moja kwa wiki. Nami nikamnyang'anya."

Walikufa mmoja baada ya mwingine, naye akaendelea kuviita viti vitupu. Aliolewa na mkaanga kahawa, akazaa wana wawili, akafiwa na mume, akauza wali wa kuku miaka thelathini na mmoja kwenye mkahawa wa Mtaa wa Purvis. Wa mwisho alipokufa, Moey alimleta seremala, akaipasua ile meza, na ubao wake mmoja ndio uliochongwa majina. Hiyo ndiyo meza yenyewe waliyolia chakula. Ukiupapasa kwa nyuma, utagusa alama za bakuli za moto.

Basi wageni wangu nao walisubiri. Bibi aliweka sahani mezani, akasimama mbele ya ubao, akaita, nami nikatafsiri. Dakika tatu, pengine nne. Wageni wengi waliinamisha vichwa. Nami Jumamosi baada ya Jumamosi nikazunguka naye ile meza isiyokuwapo, mpaka nikawajua wote kwa viti vyao.

Kisha mgeni mmoja akaandika mtandaoni kwamba kuku alikuwa amepoa.

Kuku amepoa! Kuku wetu akitoka chunguni tunamtumbukiza kwenye maji ya baridi ili ngozi ikaze. Anayelalamika kwamba amepoa na alalamike pia kwamba bahari ina chumvi. Lakini meneja wetu, Bi Adeline Quek, aliniita ofisini na uso wa msiba.

"Siang, tumepata wazo zuri sana," alisema. Kampuni itafungua mkahawa pale chini. Ubao utashushwa na kutundikwa nyuma ya kaunta, wageni wapige nao picha. Majina Bibi atayarekodi mara moja, na anayetaka kuyasikia atabonyeza simu yake wakati anakula.

"Ubao ni wa nani?" nikauliza.

"Mwenyekiti wa chama chenu ameshakubali."

Mwenyekiti wa chama chetu anaishi Perth, Australia. Mara ya mwisho alipopanda ngazi zile, mimi nilikuwa bado sijazaliwa. Nilitaka kuipindua meza ya yule mama. Badala yake nikasema, "Sawa, Bi Adeline," na hasira niliyojikasirikia siku ile sijaimaliza hadi leo.

Nilimweleza Bibi huku anamenya tangawizi. Hakunyanyua macho.

"Sauti yangu itakuwa ndani ya simu?"

"Ndiyo, Bibi."

"Na mtu anakula huku mimi naita?"

"Ndiyo."

"Huko si kuita. Hiyo ni redio." Akatupa ganda la tangawizi. "Na wewe ulisema nini?"

Nikainama kuokota maganda.

"Ulisema sawa," akasema. "Boi."

Neno hilo liliniingia kama mwiba wa samaki, halimezeki wala halitemeki.

Jumamosi iliyofuata Bi Adeline alikuja mwenyewe, na kijana wa kurekodi, na wageni kumi na wanne. Bibi aliweka sahani zote mezani. Akasimama mbele ya ubao, akaufuta kwa kitambaa, akaanza.

"Babu Supu, njoo ule. Babu Viazi, njoo ule. Babu Miwani..."

"Samahani, Bibi!" Bi Adeline akaingilia. "Sogea kidogo huku, sauti haiingii vizuri."

Bibi akasogea. Akarudi mlangoni. "Babu Supu, njoo ule..."

Alifika kiti cha tisa. "Samahani tena, Bibi, endelea tu pale ulipoishia, ila polepole."

"Babu Supu," akasema Bibi, "njoo ule."

"Kwa nini anarudia?" Bi Adeline akaniuliza kwa sauti ya chini. "Siang, mwambie aendelee."

"Hawezi kuendelea. Ukimkatiza anaanza upya."

"Basi tutakesha hapa!" Akawageukia wageni, akapiga makofi mawili mepesi. "Jamani, karibuni mle tu, chakula kisiharibike. Yeye ataendelea kule nyuma."

Mzee mmoja, mwalimu mstaafu aliyetoka Ipoh, Malesia, akachukua vijiti. Kabla hajakigusa kipande, sahani haikuwepo. Bibi Moey alikuwa ameivuta na kuipakata kifuani kama mtoto.

"Katika nyumba hii," alisema kwa Kihainani, "hata paka alisubiri."

"Anasemaje?" wageni wakauliza.

Hapo ndipo nilipovua kofia. Nikawaambia wageni kwamba kila nilichowaambia tangu asubuhi kilikuwa uongo wa kulipwa. Nikasema hakuna kabila linalozaliwa na kipaji cha kutumwa. Nikasema wanaume hawa waliwapikia watu waliowaita boi hadi walipozeeka, na mahali pekee walipopewa heshima yao ni mbele ya ubao huu, na sasa tunataka kuutundika juu ya mashine ya kahawa. Bi Adeline alikuwa ananiita kwa jina langu lote. Nilikuwa ndiyo kwanza nafika kwenye ubeberu.

"Kofia!" Bibi akanikata. "Hotuba yako ina magurudumu?"

"Nini, Bibi?"

"Itaubeba huu ubao hadi kwangu? Haina? Basi funga mdomo ushike upande huo."

Tukaushusha. Bi Adeline akasimama mlangoni na kusema ule ni mali ya chama. Bibi akamtazama kwa utulivu ulionitia hofu kuliko panga lake.

"Binti," alisema, "hii ni meza ya mama yangu. Nimeipangusa tangu nilipokuwa siifikii. Huyo mwenyekiti wako na aje kutoka huko aliko aniambie nani alikaa kiti cha sita."

Nikatafsiri neno kwa neno. Bi Adeline akasogea pembeni, akaanza kubonyeza simu.

Aliyeshika upande wa pili ni yule mwalimu wa Ipoh, Bwana Heng, mwenye sahani iliyonyang'anywa. "Mama yangu angenichapa," alisema kwa haya. "Nimesahau kabisa kuwaita wakubwa." Tukateremka ngazi, tukatoka juani, tukapita njia ileile niliyowapitisha wageni asubuhi, ila kinyume. Bibi alitangulia na sufuria ya kuku juu ya kigari cha sokoni. Wageni wanane walifuata. Watu walitupisha wakidhani tuna msiba.

Kwenye jengo la Bibi ubao haukuingia kwenye lifti. Tukaujaribu wima, tukaujaribu mshazari. Lifti ikapiga kelele.

"Ghorofa ya tano," akasema Bibi. "Ngazi zile pale."

Tulipanda. Kila kona ya ngazi ilikuwa vita; tuliunyanyua juu ya reli, tukaugeuza, Bwana Heng akahema, Bibi akatukemea kutoka juu kwamba wanaume wa zamani walipandisha mafriji ya mabwana. Wageni wengine waliagana nasi ghorofa ya tatu. Nyumbani kwake hapakuwa na ukuta uliotosha. Tukaulaza juu ya viti viwili na ubao wa kupigia pasi, majina juu, ukawa meza tena.

Bibi akatenga bakuli tatu. Akaketi, akakunja mikono.

"Mimi nimechoka," alisema. "Ita wewe."

Njaa ilikuwa inanikata. Nikaanza kwa aliyekaa karibu na mlango. Babu Supu, njoo ule. Babu Viazi, njoo ule. Nikazunguka, Bibi akifuata kwa kidole juu ya meza, midomo yake ikitembea bila sauti. Nikamwita Babu Kigugumizi, naye akafumba macho. Viti vilikuwa vimebaki vinne.

Simu yangu ikalia. Ilikuwa kampuni, na nilijua walichotaka kuniambia. Nikaizima bila kupokea, lakini nilipoinua macho, meza ilikuwa imenipotea.

Bwana Heng alikitazama kipande chake cha kuku kwa huzuni. Bibi Moey aliutazama ubao.

"Mlangoni," akasema.

Nikameza mate. "Babu Supu," nikaita, "njoo ule."