Siku Niliyomwita Mjukuu Wangu Mbaya

Mjukuu wangu anafundisha falsafa, tena ile ya uzuri. Watu wa kijijini kwetu Busi wakiniuliza ndiyo kazi gani hiyo, nawaambia: anauliza kwa nini mtungi huu unauita mzuri na ule unaupita kama kinyesi cha mbuzi. Shangazi yake husema, "Kwa hiyo alikwenda ng'ambo kuuliza hayo?" Ndiyo, alikwenda, na akarudi daktari asiyechoma sindano.

Lakini pale chuoni Dodoma walimweka kwa mkataba mfupi mfupi, leo yupo, kesho haijulikani. Mwaka huu ikatoka nafasi ya kudumu. Sharti afundishe somo moja mbele ya wakubwa, na watu wote wakaribishwe. Akanipigia simu. "Bibi, njoo. Wakinikataa safari hii, naacha."

Nikalala kwake Ipagala. Asubuhi nikajifunga khanga mpya, bado inanuka duka la Majengo, tukaenda.

Wakanikalisha mbele. Maneno mengi yalinipita juu kama kunguru. Alipofika kwenye vibuyu vya maziwa ndipo nikakaa wima. Mama anakichora kibuyu kwa moto, anakipendezesha, kisha anakiweka gizani nyuma ya mlango. Akauliza, uzuri ule alimfanyia nani? Mimi nilitaka kuinuka nicheze.

Alipomaliza, mwenyekiti wa wale wakubwa, mzee mwenye mvi, akaniona.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mwanangu."

"Wewe ndiye bibi yake? Umemwonaje?"

"Mbaya," nikasema. "Mbaya sana huyu. Sijaona kibaya kama hiki."

Sasa, kwetu mtoto aliyenona humwiti mzuri mbele za watu, jicho la hasidi litampata. Unamwita mbaya, na kila mtu anaelewa. Kumbe wale hawakuelewa. Mama mmoja wa pale mezani akaweka kalamu chini. Nikajua nimemharibia mtoto kazi kwa mdomo wangu mwenyewe.

Mjukuu wangu akacheka. Akawaambia, "Jamani, nimesifiwa." Akawaeleza mila yetu, taratibu, kama anayemenya karanga.

Yule mama hakuridhika. "Kama mnaita kizuri kibaya, mtu atajuaje mnamaanisha nini?"

"Maneno ni kipande tu, mama. Uzuri tunausema kwa uso, kwa sauti, kwa mwili mzima. Mtazameni bibi yangu."

Wakageuka wote. Nami nilikuwa nimekenua mpaka magego yaliyobaki yanaonekana, machozi yananitiririka. Yule mama akachukua kalamu yake akaanza kuandika, na ukumbi ukaangua kicheko.

Wakatutoa nje wajadiliane. Nilikaa barazani nikimsumbua Mungu kwa Kirangi na Kiswahili, asije akasema hakusikia. Mlango ukafunguliwa, mwenyekiti akatoka, akampa mjukuu wangu mkono. "Karibu chuoni, mwalimu. Safari hii moja kwa moja."

Mtoto akanijia, akapiga magoti. Nikamshika kichwa, nikamtemea mate ya baraka kwenye paji la uso, palepale, mbele ya maprofesa wake.

Mwenyekiti naye akainamisha kichwa. "Na mimi basi, bibi."

"Wewe mate yangu hayatoshi," nikamwambia. "Subiri ya mkeo usiku."