Niliomba nafasi ya wanawake kazini Dubai, nikaambiwa tayari ninayo

Wakuu, salaam kwenu nyote.

Hii nimeiandika nikaifuta, nikaiandika tena. Mimi si mwandishi, elimu yangu ni form four na cheti chenyewe hakina cha kujivunia. Nitasema nilichokiona. Pale ambapo sina uhakika, nitasema sina uhakika.

Niko Dubai, security. Hoteli moja ya Al Garhoud, mlango wa ladies kuelekea gym na swimming pool. Kampuni siitaji, bado inanilisha.

Sasa kampuni ikapata mteja mkubwa mwenye majengo. Mteja akaweka sharti: lazima kuwe na supervisor mwanamke, la sivyo hasaini. Supervisors wetu wote walikuwa wanaume. Likatoka tangazo kwamba kuna nafasi moja, wanawake tu.

Hapo maneno yakaanza mess, pale tunapolia chakula.

Watanzania wenzangu wakaniita Viti Maalum. Wakenya wakaniita Women Rep. Kinara wa utani alikuwa Mutua, Mkenya, ndiye aliyenifundisha kazi nilipofika. Anajua Kiarabu cha kubishana na arbab yeyote, yaani bosi wa Kiarabu.

"Women Rep, ukipewa hiyo rank utanisalimia kweli?"

"Nitakusalimia siku utakayochomekea shati."

Watu wakacheka. Halafu yeye akasema bila kucheka: "Dada, mimi sina shida na wewe. Lakini nimesimama kwa hii jua miaka yote, leo naambiwa kosa langu ni ndevu."

Nikamuuliza: "Na kabla ya huyo mteja, nani aliwahi kuniuliza kama naijua kazi?"

Akarudi kwenye sahani yake. Lakini neno lake nalo lilikuwa na ukweli. Kazi anaijua kunishinda, siwezi kulificha hilo.

(Nyumbani dada yangu aliingia chuo kwa utaratibu wa kuwainua wasichana wa sayansi, alama zake zilikuwa chini kidogo ya za wavulana. Alimaliza vizuri. Lakini yupo pia mvulana aliyebaki nje mwaka ule, na huyo sijui aliishia wapi. Huwa namfikiria.)

Nikaamua kuomba.

Kabla sijapeleka maombi, dada mmoja wa cleaning, anayezungushwa majengo mbalimbali, akanisimamisha korido. "Supervisor, mbona jana Al Jaddaf ulinipita kama hunijui?"

Al Jaddaf, kwenye jengo la yule mteja mkubwa, sijawahi kukanyaga. Nikacheka. Yeye hakucheka. Akaomba radhi, akaondoka haraka.

Nikasema amenifananisha.

Wiki iliyofuata Mutua akapelekwa Al Jaddaf kuziba pengo la guard mgonjwa. Aliporudi alinifuata mlangoni kwangu. Hakuniita Women Rep.

"Zuhura, wewe uko na pacha?"

Akaniambia lobby ya kule kuna screen inayoonyesha timu ya ulinzi, na sura yangu ipo, imeandikwa supervisor. Alikuwa ameipiga picha kwa simu.

Nikaitazama. Ilikuwa picha yangu ya kitambulisho cha kazi, ila pale inatabasamu. Siku tuliyopigwa picha ile tuliambiwa tusicheke. Na yale meno yamejaa, hayana nafasi. Mimi nina mwanya.

Wakuu, nywele zilinisimama mchana kweupe.

Nikaenda ofisini na maombi yangu. Sir wa HR akaingiza namba yangu kwenye kompyuta, akashangaa.

"Lakini wewe ni supervisor tayari. Nafasi ya ladies imejaa."

"Imejaa na nani, sir?"

"Na wewe."

Akanigeuzia kioo cha kompyuta nione. Hakuwa ananikejeli. Sina uhakika, ila nadhani aliamini kabisa. Alinipa hongera.

Siku ya off nikaenda Al Jaddaf. Nje jua linaunguza, ndani baridi ya friji na kimya. Nyuma ya desk amesimama mwanamke wa kimo na umbo langu, kwa mbali ungedhani ni mimi, sare ya supervisor. Kifuani jina langu lote, mpaka la babu.

Aliponiona akanitambua. Akanivuta pembeni.

"Nyabo, usiongee kwa nguvu. Hapa mimi ndiyo wewe."

Ni Mganda, kwao nyabo ni kama madam, anaitwa Harriet. Residence yake, kibali cha kuishi, ilikuwa haijatoka, wakamwambia avae jina langu kwanza maana karatasi zangu zimekamilika, ofisi itarekebisha mbele ya safari. Hata picha yangu waliitengeneza ifanane naye, wakaitia tabasamu na meno yake. Akaniambia: "Juzi mama alinipigia, akaniita jina langu. Nikakaa kidogo kabla sijaitika."

Tukiwa tunaongea akaja guard, lifti imekwama na watu ndani. Harriet akatuliza walio ndani, akaita mafundi, akapanga mtu kila ghorofa, bila kupandisha sauti. Niseme haki: sijui kama mimi ningeweza vile.

Nikarudi ofisini, nikaeleza nilichokiona. Sir akataka kumaliza upesi: "Khalas. Kesho wewe nenda Al Jaddaf, yule tunamwondoa."

Nikidai changu, Harriet anafukuzwa. Nikinyamaza, jina langu linaendelea kupanda cheo mimi nikiwa mlangoni pa pool.

Nikasema nitakwenda, ila Harriet apewe residence kwa jina lake kwanza. Wakabisha, halafu wakakubali kwa sababu mteja alikuwa anakuja kukagua. Leo yeye yuko Al Garhoud, mlango wangu ule, guard kwa jina lake. Mimi niko Al Jaddaf.

Siku yangu ya kwanza guard mmoja Mnepali akasoma jina kifuani, akanitazama usoni. "No, madam. Zuhura namjua." Nikamwambia Zuhura ni mimi. Akaitikia kwa heshima, halafu akaniuliza Zuhura atarudi lini.

Nilichojifunza, kama nimejifunza: sina ugomvi na nafasi za kutengewa. Bila ile, mlango usingefunguka. Lakini wao walihitaji jina la mwanamke tu, na jina yeyote anaweza kulivaa. Harriet alifanya kazi, mimi nina cheo, Mutua bado yuko juani.

Nipeni maoni, hata makali. Nafasi hii nimepewa, au nimeichukua kwa Harriet? Mutua yumo humu jukwaani, nimemwonyesha uzi kabla sijaupandisha. Amesema anakuja kubisha. Mwacheni aongee.